Muhammed Said Abdulla: Bwana afya aliyembuni Bwana Msa

UKIWAULIZA wasomaji wa Kiswahili waliopita shuleni katika miaka ya 1970 na 1980 ni mpelelezi gani wa kwanza waliyekutana naye kitabuni, wengi watakutajia Bwana Msa kabla hujamaliza swali lako. Watamkumbuka na kiko chake, na kimya chake wakati wengine wanapayuka, na rafiki yake Najum ambaye kila mara huona yale yale anayoyaona mwenzake na bado hafahamu. Jina la mtu aliyembuni litawachukua muda kidogo kulikumbuka. Nao ni wachache mno wanaojua kwamba mtu huyo alianza maisha yake ya kazi katika Idara ya Afya, akaingia katika uandishi wa habari wakati visiwa vya Unguja na Pemba vikianza kutokota kwa siasa, na akastaafu akiwa mhariri wa jarida la wakulima.

Muhammed Said Abdulla alizaliwa tarehe 25 Aprili 1918 huko Makunduchi, kusini mwa kisiwa cha Unguja, katika familia ya Kiislamu. Mtu akitaka kumwelewa mwandishi huyu hana budi kuanza na kijiji hicho. Makunduchi ni pahali pa mawe, minazi na bahari, mbali na mji wa Unguja kwa desturi zake kuliko hata kwa masafa. Wenyeji wake wana lahaja yao, Kikae, ambayo mtu wa mjini huisikia kama lugha ya jirani. Kila mwaka, mwezi Julai, hufanyika hapo sherehe ya Mwaka Kogwa, ambayo asili yake ni mwaka mpya wa kalenda ya kale ya watu wa mwambao. Watu hupigana kwa migomba mpaka hasira za mwaka mzima ziishe, kisha kibanda cha makuti huchomwa moto, na mwaka unahesabiwa kuwa umeoga. Kandokando ya vijiji vya kusini imo mizimu: mapango na vichaka ambamo wazee hupeleka ubani, vitambaa na maombi yao. Wenyeji hao hao huenda msikitini wakaswali bila ya kuona mgongano wowote.

Mtoto anayekulia mahali kama hapo hujifunza mapema kwamba kila tukio lina maelezo mawili. Mtu akianguka mnazi, yupo atakayesema kamba ilikuwa mbovu, na yupo atakayesema kuna jicho lililomtazama. Muhammed Said Abdulla aliyachukua maelezo yote mawili kutoka kijijini kwao, na baada ya miaka arobaini akayaweka katika kitabu kimoja yashindane.

Alisoma katika shule ya wamisionari na kumaliza masomo yake mwaka 1938. Elimu ya aina hiyo, kwa kijana Mwislamu wa Unguja wa wakati ule, ilikuwa mlango wa kuingilia katika ofisi za serikali, naye aliupita mlango huo akaajiriwa kuwa mkaguzi katika Idara ya Afya. Kazi hiyo aliifanya kwa miaka 10.

Wasomaji wa leo huenda wakaipita miaka hiyo upesi, wakidhani haina uhusiano na fasihi. Lakini bwana afya ni nani, kama si mpelelezi mwenye daftari? Kazi yake ni kuingia katika nyumba za watu wasiomwalika, kutazama kisima kiko umbali gani na choo, kuuliza nani aliugua kwanza na alikula nini, na kusikiliza majibu akijua fika kwamba nusu yake si kweli. Hawezi kuridhika na jibu la kwamba ugonjwa umeletwa na shetani. Lazima alitafute dimbwi lenye viluwiluwi vya mbu. Na hawezi kumdharau anayemwambia habari za shetani, maana akimdharau mlango utafungwa na dimbwi halitaonekana. Adabu hiyo ya kuuliza bila ya kutukana imani ya mtu ndiyo atakayokuja kuwa nayo Bwana Msa.

Mwaka 1948 aliacha kazi ya ukaguzi na kuwa mhariri wa gazeti lililoitwa Zanzibari. Hakuwa kijana tena. Alikuwa na miaka 30, na mshahara wa serikali haukuwa kitu cha kuachwa ovyo. Mwaka huo ndio uliotokea mgomo mkubwa wa wafanyakazi mjini Unguja, ulioanza kwa wachukuzi wa bandarini na kusimamisha shughuli za mji. Kwa mtu aliyekuwa akitafuta habari za kuandika, hakukosa.

Katika miaka 10 iliyofuata alifanya kazi akiwa naibu mhariri katika magazeti ya Al Falaq, Al Mahda na Afrika Kwetu. Orodha hii inastahili kusomwa polepole. Al Falaq lilikuwa gazeti la Jumuiya ya Waarabu. Afrika Kwetu lilikuwa sauti ya upande wa Waafrika. Mji wa Unguja wakati ule ulikuwa na magazeti mengi kuliko mtu angetarajia kwa idadi ya wakazi wake, na karibu kila moja lilikuwa na kundi lake, wafadhili wake na maadui zake. Mwaka 1951 wanakijiji wa Kiembe Samaki walipambana na serikali katika ghasia zilizokuja kuitwa Vita vya Ng'ombe. Mwaka 1954 wakuu wa Jumuiya ya Waarabu walishitakiwa kwa uchochezi kutokana na maandishi ya Al Falaq. Chama cha Hizbu kikaanzishwa mwaka 1955, Afro-Shirazi mwaka 1957, na mwezi Julai mwaka huo huo ukafanyika uchaguzi wa kwanza. Baada yake watu walisusiana mpaka katika mambo ambayo Wazanzibari hawakuwahi kususiana: maduka, mabasi, hata maziko.

Mtu aliyepata kukaa katika vyumba vya uhariri vya pande zote mbili za mtafaruku huo aliona jambo ambalo wasomaji wa gazeti moja tu hawakuliona. Aliona tukio moja likiandikwa kwa namna mbili zisizokutana, na kila upande ukiapa kwamba huo ndio ukweli. Si ajabu basi kwamba mwandishi huyu alipoketi kutunga hadithi, alimtunga mtu ambaye hana gazeti, hana chama, na hatoi hukumu mpaka ushahidi wote umewekwa mezani.

Nafasi ya kutunga ilikuja kwa njia ya shindano. Shirika la vitabu la Afrika Mashariki, East African Literature Bureau, lililoundwa mwaka 1948 kwa ajili ya Kenya, Uganda, Tanganyika na Zanzibar, lilikuwa likitafuta miswada ya lugha za wenyeji, na katika mwaka 1957 na 1958 likaendesha shindano la kutunga hadithi za Kiswahili. Muhammed Said Abdulla alipeleka hadithi aliyoiita Mzimu wa Watu wa Kale. Ikashika nafasi ya kwanza, na mwaka 1960 ikatoka ikiwa kitabu.

Ushindi huo haukuwa mdogo, tukizingatia hali ya riwaya ya Kiswahili wakati ule. Ushairi ulikuwa na karne kadhaa za umri na mabingwa wake. Nathari ilikuwa bado changa. Watu walikuwa wamezoea tafsiri za vitabu vya Kizungu zilizoanza kuenea miaka ya 1920, kama Mashimo ya Mfalme Sulemani na Kisiwa Chenye Hazina. Alikuwapo James Mbotela wa Kenya na Uhuru wa Watumwa wa mwaka 1934. Na juu ya wote alisimama Shaaban Robert wa Tanga, ambaye nathari yake ilijaa nchi za kufikirika, wafalme na watu ambao majina yao yenyewe ni maelezo ya tabia zao. Riwaya inayotokea mtaani, ambamo mtu anaweza kuutambua mlango na kibaraza anachokijua, ilikuwa bado haijazoeleka. Muhammed Said Abdulla alileta kitu hicho, akakitia maiti ndani yake.

Maiti hiyo ni ya Bwana Ali, mtu mwenye mali, inayokutwa kwenye mzimu. Mahali ilipolala maiti ndipo panapozua swali zima la kitabu. Kama mtu angeuawa barabarani, watu wangeuliza nani kamwua. Lakini ameuawa mzimuni, na kwa wengi jibu liko wazi: mzimu umekasirika, na mizimu haishitakiwi mahakamani. Hofu hiyo ndiyo maficho bora kuliko yote aliyoweza kuyapata mwuaji, naye mwandishi anatuonyesha hatua kwa hatua jinsi Bwana Msa anavyoifunua. Ambao hawajakisoma kitabu wasiharibiwe utamu wake hapa; inatosha kusema kwamba mkono uliotenda ulikuwa wa binadamu, na sababu zake zilikuwa za kibinadamu.

Hapa ndipo kitabu cha mtu wa Makunduchi kilipovuka bahari na kuwafaa watu wa bara. Chukua mfano wa Bumbuli, katika milima ya Usambara. Kata ya Vuga, iliyomo katika Halmashauri ya Bumbuli, ndiyo iliyokuwa makao makuu ya wafalme wa Kilindi waliowatawala Wasambaa, na makaburi yao yapo huko. Wafalme hao waliaminiwa kuwa na uwezo juu ya mvua, na watu walijua kuna mahali pasipokanyagwa na mtu yeyote. Hapo hapo Vuga wamisionari wa Kilutheri waliweka kiwanda cha uchapaji kilichotoa vitabu vya Kiswahili, kwa hiyo kusoma hakukuwa jambo geni katika milima hiyo. Kwa msomaji wa huko, ambaye pengine hajawahi kuiona bahari, pango la Unguja lenye ubani na vitambaa halikuhitaji kuelezwa. Alikuwa nalo lake, chini ya mti wake, na alikuwa na wazee wake waliomkataza kuuliza maswali. Swali la Bwana Msa lilimhusu yeye sawasawa na lilivyomhusu mvuvi wa Kizimkazi.

Lawama moja imemfuata mwandishi huyu tangu mwanzo, nayo ni kwamba Bwana Msa ni Sherlock Holmes aliyevishwa kanzu. Haina maana kuikanusha. Holmes aliyebuniwa na Arthur Conan Doyle na kuonekana kwa mara ya kwanza mwaka 1887 ana kiko. Bwana Msa ana kiko. Holmes ana Watson. Bwana Msa ana Najum. Wote wawili ni raia wanaowatangulia polisi, na wote hufurahia kumweleza rafiki yao, baada ya mambo kwisha, jinsi jambo lilivyokuwa wazi tangu mwanzo. Doyle mwenyewe naye alikuwa ameazima: Mmarekani Edgar Allan Poe alikwisha kuandika habari za mpelelezi wa Paris na rafiki yake mshangaaji mwaka 1841. Aina hii ya hadithi imepita nchi nyingi ikibadilisha nguo kila ilipofika. Nchini Italia ilipoanza kuchapishwa kwa wingi na kampuni ya Mondadori mwaka 1929, majalada yake yalikuwa ya manjano, na mpaka leo Waitalia huita hadithi za uhalifu kwa jina la rangi hiyo, vikiwemo vitabu hata na filamu ambazo hazina manjano yoyote.

Basi la kuuliza si kama kiko kiliazimwa, bali ni tumbaku gani iliyotiwa ndani yake. Holmes anaishi katika mji wa wageni, ambamo jirani hamjui jirani, na kazi yake ni kusoma alama za mtu asiyemjua: matope ya kiatu, jivu la sigara. Unguja si mji wa namna hiyo. Kila mtu anamjua kila mtu, anamjua na baba yake, na anadhani anajua mpaka yaliyotokea kabla hajazaliwa. Kwa hiyo tatizo la Bwana Msa si uhaba wa habari bali wingi wake. Barazani kuna maelezo kumi ya kila jambo, yote yametolewa kwa kujiamini, yote yana methali ya kuyaunga mkono. Mpelelezi wa Unguja hupima maneno. Ndiyo maana riwaya hizi zimejaa mazungumzo, ukurasa baada ya ukurasa, na msomaji asiye na subira anaweza kuona kwamba watu wanazungumza mno na kutenda kidogo. Lakini katika mazungumzo hayo ndimo mlimo ushahidi. Mtu anajiponza kwa neno alilolitumia, kwa heshima aliyoizidisha, kwa salamu aliyoipunguza.

Siri zenyewe nazo ni za mahali. Katika vitabu vyake vingi kiini cha fumbo ni nasaba: nani mtoto wa nani, nani ana haki ya kurithi, nani amezaliwa nje ya ndoa akafichwa, na kwa nini watu wawili wasio na undugu wanafanana kama shilingi kwa ya pili. Katika jamii ambamo nasaba ilikuwa ndiyo mali, ndiyo cheo, na kwa siasa za miaka ile ndiyo kura, kuandika kwamba nasaba inaweza kuwa hadithi iliyotungwa lilikuwa jambo zito kuliko lilivyoonekana. Mwandishi hakulisema waziwazi. Alilifunga katika burudani, akamwachia msomaji alifungue.

Kuhusu lugha yake, hata wakosoaji wake wakali hawakuwa na ubishi mkubwa. Kiunguja cha mjini ndicho kilichochaguliwa kuwa msingi wa Kiswahili sanifu katika mkutano wa Mombasa mwaka 1928, na kamati ya kusimamia usanifu huo ikaundwa mwaka 1930. Lakini usanifu wa kamati ulikuwa na ukavu wake. Kiswahili cha vitabu vya shule kilielekea kusikika kama barua ya serikali. Muhammed Said Abdulla, ambaye mwenyewe alikuwa ametoka katika Kikae kwenda Kiunguja na kutoka Kiunguja kwenda Kiswahili cha magazeti, aliurudisha usemi wa watu katika maandishi. Mizaha, vijembe, viapo, namna ya kumkatiza mtu bila ya kumvunjia heshima, namna ya kumsifu mtu mpaka akaona anasutwa: vyote vimo. Walimu wengi walivitumia vitabu hivyo kwa sababu ya uhalifu uliomo uliowavuta wanafunzi. Faida kubwa waliyoipata wanafunzi ilikuwa ya lugha.

Mwaka 1958, mwaka ule ule wa ushindi wake, aliteuliwa kuwa mhariri wa Mkulima, jarida la kilimo. Aliushika wadhifa huo mpaka alipostaafu mwaka 1968. Kuhama kutoka magazeti ya siasa kwenda kwenye habari za mbegu na mbolea kunaweza kuonekana kama kujificha, na pengine kwa sehemu ndivyo kulivyokuwa. Hata hivyo katika visiwa vilivyoishi kwa karafuu na nazi, shamba lilikuwa ndiyo siasa yenyewe. Miaka 10 aliyokaa Mkulima ndiyo iliyoibadili Zanzibar kuliko mingine yote ya karne ile. Ghasia za uchaguzi wa Juni 1961 ziliua watu 68. Uhuru ulipatikana tarehe 10 Desemba 1963, na tarehe 12 Januari 1964 yakafanyika Mapinduzi yaliyoiondoa serikali ya Sultani. Baadaye mwaka huo huo Zanzibar na Tanganyika zikaungana. Mashamba makubwa yakataifishwa na wakulima wakagawiwa ardhi kwa mafungu ya eka tatu tatu. Magazeti aliyokuwa akiyafanyia kazi zamani yakatoweka pamoja na ulimwengu wao. Yeye akabaki katika kiti chake mpaka akatimiza miaka 50.

Katika kipindi hicho chote hakutoa riwaya nyingine. Kati ya kitabu cha kwanza na cha pili kuna miaka minane, na katikati ya miaka hiyo kuna Mapinduzi. Wengine wamejaribu kuyatafuta Mapinduzi ndani ya vitabu vyake na wakarudi mikono mitupu. Ukoloni haukemewi, Sultani hatukanwi, na hakuna shujaa anayepiga hotuba. Waandishi wa Zanzibar waliokuja baada yake, kina Adam Shafi na Said Ahmed Mohamed, waliyafanya mashamba, utumishi na dhuluma za enzi ile kuwa ndiyo mada yao. Ukiwasoma hao kisha ukamrudia Muhammed Said Abdulla, utaona kama kwamba Bwana Msa anaishi katika kisiwa ambacho saa yake ilisimama.

Inawezekana kumlaumu kwa hilo, na amelaumiwa. Lakini haifai kusahau alikuwa nani. Alikuwa mtu aliyepitia magazeti ya pande zote, katika mji ambamo siku moja jina la gazeti ulilolifanyia kazi lingeweza kuwa shitaka. Kimya chake hakikuwa cha mtu asiyejua.

Kustaafu kulimfungua. Mwaka ule ule wa 1968 kampuni ya Evans ilitoa Kisima cha Giningi. Jina hilo pekee lilitosha kumtetemesha mtoto wa Kizanzibari, kwani Giningi katika masimulizi ya visiwani ni makazi ya wachawi, mahali wanapokutania usiku. Kwa mara nyingine tena mwandishi alichagua neno lenye kutisha, akamtuma Bwana Msa kwenda kutazama kuna nini chini yake. Kisha, kwa kupitia kampuni ya East African Publishing House ya Nairobi, vikafuatana vitabu vinne, kimoja kila mwaka: Duniani Kuna Watu mwaka 1973, Siri ya Sifuri mwaka 1974, Mke Mmoja Waume Watatu mwaka 1975, na Mwana wa Yungi Hulewa mwaka 1976. Mstaafu wa miaka 58 alikuwa ametoa riwaya tano katika miaka minane.

Ukiyatazama majina ya vitabu hivyo utaona mchezo wake. Mke Mmoja Waume Watatu linapindua desturi inayojulikana na kila mtu na kumlazimisha msomaji afungue kurasa japo kwa kutaka kugombana. Siri ya Sifuri linaahidi kwamba hata katika tarakimu isiyo na thamani kuna jambo. Mwana wa Yungi Hulewa lina mlio wa methali na linamwacha msomaji akijiuliza ni kulewa kupi. Kati ya vyote, Duniani Kuna Watu kina utata mkubwa wa matukio, kiasi kwamba anayekisoma kwa kuruka kurasa atapotea. Na hapa lazima isemwe kwamba utata huo wakati mwingine unazidi kiasi. Kuna mahali ambapo bahati inafanya kazi ambayo ingepaswa kufanywa na akili, na maelezo ya Bwana Msa ya mwisho yanakuwa marefu kuliko fumbo lenyewe. Kitabu cha kwanza, ambacho fumbo lake ni moja na hofu yake ni moja, bado ndicho kinachosimama imara zaidi.

Wakati vitabu hivyo vinatoka, Tanzania ilikuwa katika miaka ya Ujamaa. Azimio la Arusha la mwaka 1967 lilikuwa limeamsha matumaini kwamba fasihi nayo itabeba jembe. Katika vyuo wahakiki walianza kutenga mafungu mawili: riwaya dhati upande mmoja, na upande wa pili riwaya pendwa, zile za mapenzi, uhalifu na upelelezi, ambazo zilidhaniwa kumpotezea mjenga nchi wakati wake. Euphrase Kezilahabi, ambaye Rosa Mistika yake ilitoka mwaka 1971, alikuwa upande wa kwanza. Muhammed Said Abdulla alijikuta akiitwa baba wa upande wa pili, sifa ambayo ndani yake kulikuwa na dharau iliyofichwa vizuri.

Mgawanyo huo haukumtendea haki. Vitabu vyake havina ile pupa ya damu inayofanya riwaya iitwe ya mtaani. Mtu anauawa, ndiyo, lakini muda mwingi hutumiwa katika kufikiri. Kama kazi ya fasihi katika nchi changa ilikuwa kuwafundisha watu kutoamini kila wanaloambiwa, basi alikuwa ameianza kazi hiyo miaka kadhaa kabla ya Azimio, bila ya kuagizwa na mtu.

Waliomfuata katika uwanja wa upelelezi walikwenda njia nyingine. Faraji Katalambulla alitoa Simu ya Kifo mwaka 1965, na humo kuna Dar es Salaam, simu, magari na mwendo wa kasi. Elvis Musiba alipotoa Kufa na Kupona mwaka 1974, mpelelezi wake Willy Gamba alikuwa mtumishi wa taifa anayepanda ndege, anayevaa suti na anayeua inapobidi. Ben Mtobwa naye akamleta Joram Kiango, mtanashati asiyeshikika. Wasomaji vijana wa mijini waliwapenda hao, na haikuwa ajabu; walikuwa wakiishi katika miji yenye taa na mabenki, si katika mitaa ya mabaraza. Mbele ya Willy Gamba, Bwana Msa alionekana kama babu aliyekuja mjini kutibiwa macho. Hategemei bastola, hana haraka, na silaha yake kubwa ni kumwacha mtu aseme mpaka amalize.

Riwaya yake ya saba ilikuja baada ya kimya kingine cha miaka minane, mwaka 1984. Aliiita Kosa la Bwana Msa. Tangu kitabu cha kwanza hakuwahi kuliweka jina la shujaa wake katika jina la kitabu. Mara hii alipoliweka, aliliweka karibu na neno kosa. Mwandishi alikuwa na miaka 66. Wapelelezi wengi wa vitabuni huachwa na watunzi wao wakiwa hawajawahi kushindwa, na wasomaji hupendelea hivyo. Muhammed Said Abdulla, ambaye robo karne nzima alikuwa amemfanya Bwana Msa awakosoe wengine kwa upole, alichagua kumtoa kwa wasomaji akiwa na kosa lake mkononi.

Hakikuja kitabu kingine. Alifariki dunia tarehe 1 Machi 1991, zikiwa zimebaki siku 55 atimize miaka 73.